Dalali amekuja na karatasi ya korti: la kufanya kabla siku saba hazijaisha

Kuna swali ambalo wateja huuliza kwa sauti ya chini. Halihusu PIN iliyosahaulika wala pesa zilizoenda kwa namba isiyo yake. Ni hili: "Kuna dalali amekuja kwangu na karatasi ya korti. Ameandika friji, televisheni na cherehani. Sasa nifanye nini?"

Mara nyingi anayeuliza huwa amechelewa. Siku nne au tano zimeshapita. Mwingine alizima simu akitumaini mambo yatapoa. Mwingine alikimbia kukopa kwingine ili azime moto, na sasa ana mioto miwili. Ndiyo maana somo la leo tumelifanya refu kidogo kuliko kawaida. Lisome lote hata kama huna deni, kwa sababu huenda jirani au ndugu yako analihitaji.

Wahenga walisema dawa ya deni ni kulipa. Sisi hatutakuambia vingine. Korti haifuti deni kwa sababu mdaiwa ana shida. Lakini korti inaweza kukupa muda, inaweza kuigawa dawa hiyo katika dozi ndogo ndogo, na inaweza kuzuia mali isiyostahili kuchukuliwa isichukuliwe. Nafuu hiyo huipata anayeiomba mapema, akiwa na karatasi mkononi na chochote cha kuanzia kulipa. Hilo ndilo somo lenyewe. Yaliyobaki ni jinsi ya kulifanya.

Ili tuelewane, tutatumia mfano mmoja wa kubuni: mama mshonaji wa nguo, Kawangware, Nairobi. Alikopa ili kupanua kazi, biashara ikalala, akashindwa kulipa. Mkopeshaji akamshtaki na korti ikaamua alipe shilingi 180,000, pamoja na gharama za kesi.

Kwanza, una karatasi gani mkononi?

Watu wengi wakiona muhuri wanadhani kila karatasi ni sawa. Si sawa. Kuna tatu, na kila moja ina dawa yake.

Ya kwanza ni barua ya madai. Hutoka kwa mkopeshaji au kwa wakili wake. Inasema unadaiwa kiasi fulani na usipolipa utashtakiwa. Barua hii si amri ya korti. Hakuna mtu anayeweza kubeba viti vyako akiwa na barua ya wakili peke yake. Lakini usiitupe. Huu ndio wakati mzuri zaidi wa kuzungumza, kwa sababu gharama za kesi na za dalali bado hazijaongezwa juu ya deni.

Ya pili ni samansi, yaani wito wa korti. Hapo kesi imeshafunguliwa. Samansi hueleza una siku ngapi za kujibu. Zihesabu kuanzia siku uliyoipokea, uandike tarehe hiyo kando ya karatasi. Ukinyamaza, mdai ataomba hukumu bila wewe kusikizwa, na ataipata. Kesi za madai yasiyozidi shilingi milioni 1 sasa zinaweza kwenda katika Mahakama ya Madai Madogo, iliyoanza kazi mwaka 2021, na sheria inataka zimalizike ndani ya siku 60. Yule aliyezoea kwamba kesi Kenya huchukua miaka, hapa atashtukia hukumu imetoka. Habari njema ni kwamba katika mahakama hiyo unaruhusiwa kujitetea mwenyewe bila wakili.

Ya tatu ni waranti ya kukamata mali. Hii hutoka baada ya hukumu, na anayeitekeleza ni dalali mwenye leseni. Hapa ndipo mshonaji wetu amefika.

Jambo moja la kukumbuka: kama mkopo wako haukuwa na dhamana, kama ilivyo kwa mikopo mingi ya simu, anayekudai hawezi kutuma dalali kabla ya kwenda kortini na kushinda. Mambo ni tofauti kama uliandika mali fulani kuwa dhamana, kwa mfano gari, pikipiki au mashine. Sheria ya mwaka 2017 ya dhamana za mali zinazohamishika inampa mkopeshaji nafasi ya kuchukua kitu hicho bila kwanza kushtaki, ikiwa ulikubali hivyo katika mkataba na umepewa notisi. Kwa hivyo tafuta mkataba wako leo, usome sehemu ya dhamana.

Siku saba zinavyofanya kazi

Kazi ya dalali inaongozwa na Sheria ya Madalali ya mwaka 1996 na Kanuni za Madalali za mwaka 1997. Anapokuja mara ya kwanza kwa waranti ya korti, hapakii vitu kwenye lori siku hiyo hiyo. Anaviorodhesha katika tangazo la kukamata mali, akitaja kila kitu, hali yake na thamani yake. Kisha anampa mwenye mali notisi ya maandishi ya siku saba ili alipe na kukomboa mali yake. Siku saba zikiisha bila malipo, anaweza kurudi kuvichukua.

Vikishachukuliwa, bado haviuzwi papo hapo. Mnada hutangazwa gazetini, na hauwezi kufanyika kabla ya siku saba kupita tangu tangazo la kwanza, isipokuwa kwa vitu vinavyoharibika upesi. Hata siku ya mnada wenyewe, ukifika na deni lote na gharama zote kabla nyundo haijagonga, mnada unasimama. Lakini usisubiri huko. Kila hatua dalali anayopiga ina ada yake, na ada hiyo inakuja kwako.

Ada zenyewe hazitoki kichwani mwa dalali. Zina jedwali katika Kanuni. Ukiona amekuandikia gharama zinazokushangaza, una haki ya kupeleka mzozo huo kortini ili ada zikadiriwe.

Sheria pia inalinda mlango wa nyumba. Nyumba ya kuishi haiingiwi kukamatwa mali baada ya jua kutua wala kabla halijachomoza. Anayekuja saa tatu usiku na kelele anavunja sheria. Na wewe, kwa upande wako, usihamishe vitu vilivyokwisha orodheshwa kwenda kuvificha kwa shangazi. Huko ni kujitafutia kosa jingine, na hakimu atakayesoma ombi lako la kupewa muda ataambiwa habari hiyo.

Vitu ambavyo havikamatwi

Kifungu cha 44 cha Sheria ya Utaratibu wa Kesi za Madai kinataja mali ambayo haiwezi kukamatwa kwa ajili ya hukumu ya deni. Miongoni mwake ni nguo za lazima, vyombo vya kupikia, vitanda na matandiko ya mdaiwa na ya familia yake, na mapambo ambayo kwa desturi za dini mwanamke hawezi kuachana nayo. Zimo pia zana ambazo mtu anazihitaji ili kufanya kazi yake.

Hapa mshonaji wetu ana la kusema. Friji na televisheni zinaweza kuchukuliwa. Lakini cherehani anayoshonea kila siku ni chombo chake cha kazi. Akiwa na cherehani tatu na mbili zimewekwa kando, atapata taabu kueleza kwa nini zote tatu ni za lazima. Akiwa na moja, hoja yake ina nguvu.

Angalia lakini: kinga hii haimsaidii sana aliyeiandika cherehani hiyo hiyo kuwa dhamana ya mkopo. Ukishaitoa kama dhamana, mkopeshaji anaidai kwa mkataba, na mazungumzo yanakuwa mengine.

Ukiona dalali ameorodhesha kitu kisichostahili, mwambie kwa upole, mwombe aandike pingamizi lako, kisha upige picha ya orodha. Usishikane naye mashati. Pingamizi lenye nguvu ni lile linalofika kwenye faili ya korti.

Milango minne ya korti

Mlango wa kwanza: kuomba kulipa kwa awamu. Huu ndio unaowafaa wengi, na ndio wasioujua. Agizo la 21, kanuni ya 12 ya Kanuni za Utaratibu wa Kesi za Madai, linaipa korti uwezo wa kuruhusu deni la hukumu lilipwe kidogo kidogo au lisogezwe mbele. Baada ya hukumu, korti inaweza kufanya hivyo hata kama mdai hakubali, mradi wewe uonyeshe sababu ya kutosha. Inaweza pia kuweka masharti, kwa mfano riba iendelee au uweke dhamana.

Mlango wa pili: kuomba hukumu iondolewe. Huu ni wa mtu ambaye hukumu ilitolewa bila yeye kusikizwa. Labda samansi haikumfikia kabisa, au ilimfikia akiwa amelazwa hospitalini. Ikiwa kweli hukupewa samansi kwa njia inayotakiwa, hukumu ya namna hiyo haina msingi. Ikiwa uliipata ukachelewa kujibu, korti itakuuliza mambo mawili: kwa nini ulichelewa, na una utetezi gani. Kusema tu "sikujua" hakutoshi. Eleza kama kiasi si sahihi, au kama ulishalipa sehemu ambayo haikuhesabiwa.

Mlango wa tatu: kuomba utekelezaji usimamishwe huku rufaa ikisubiri. Anayekata rufaa asidhani rufaa peke yake inamzuia dalali. Haimzuii. Lazima uombe amri ya kusimamisha. Korti huangalia kama utapata hasara kubwa bila amri hiyo, kama umekuja bila kuchelewa, na kama uko tayari kuweka dhamana. Rufaa kutoka Mahakama ya Madai Madogo huenda Mahakama Kuu, na ni kwa masuala ya sheria peke yake.

Mlango wa nne si wa mdaiwa. Ni wa mtu ambaye mali yake imeorodheshwa kwa deni la mwingine. Tuseme friji ni ya dada yake mshonaji, anayeishi naye. Dada huyo anaweza kupeleka pingamizi kortini na kuonyesha kwamba friji ni yake. Ataulizwa risiti, au rekodi ya malipo ya simu yenye jina lake na tarehe ya kununua. Ndiyo maana tunasema kila mara: ukinunua kitu kikubwa, lipa kwa namba yako mwenyewe.

Ombi lolote kati ya haya huandikwa na kuambatanishwa na hati ya kiapo, ambayo unaapa mbele ya kamishna wa viapo. Kama dalali anakaribia, mwambie karani kwamba ombi ni la dharura na uandike hivyo kwenye cheti kinachoambatanishwa. Ukipewa amri, hakikisha nakala inamfikia dalali na mdai siku hiyo hiyo. Amri iliyobaki mfukoni mwako haimzuii mtu.

Hesabu inayomshawishi hakimu

Turudi kwa mshonaji wetu. Siku ya kwanza alitaka kuahidi shilingi 25,000 kwa mwezi. Ni ahadi tamu, na ingevunjika mwezi wa pili. Na mara nyingi amri ya kulipa kwa awamu huwa na sharti: ukikosa awamu moja tu, mdai anaruhusiwa kuendelea na dalali kwa deni lote lililobaki. Kwa hivyo ahadi kubwa kuliko mfuko ni mtego uliojitegea mwenyewe.

Akakaa chini na hesabu ya kweli. Baada ya kutoa pesa za vitambaa na nyuzi, anabaki na shilingi 42,000 kwa mwezi. Kodi ya nyumba ni 9,000. Chakula ni 12,000. Shule ni 4,500. Nauli na umeme ni 2,000. Jumla ya matumizi ni 27,500. Kinachobaki ni 14,500.

Akaomba hivi: atalipa shilingi 30,000 mara moja, pesa anazozitoa kwenye chama chake, kisha shilingi 12,500 kila mwezi kwa miezi 12. Mara 12, hiyo ni 150,000. Ukijumlisha na zile 30,000 unapata 180,000 kamili. Anabaki na 2,000 kila mwezi kwa dharura. Gharama za kesi na za dalali, na riba ikiwepo, aliomba zilipwe baada ya hapo kwa awamu hizo hizo.

Ona tofauti. Ombi lisemalo "naomba unihurumie, hali ni ngumu" halimpi hakimu kitu cha kushika. Ombi lenye malipo ya kwanza, kiasi, tarehe na ushahidi wa mapato linampa. Mdai naye ana haki yake. Alitoa pesa zake na anataka zirudi. Mshonaji anayefanya kazi mwaka mzima atamlipa zaidi kuliko cherehani moja iliyouzwa mnadani kwa bei ya kutupa. Hoja hiyo iseme wazi, kwa mdai na kwa korti. Wengi hukubaliana nje ya chumba cha korti, na makubaliano hayo yakiandikwa na kupelekwa kortini huwa amri inayowafunga wote wawili.

Lipa kwa njia inayoonekana

Sasa tufike kwenye eneo letu wenyewe. Tumeona mtu akilipa deni kwa bidii, kidogo kidogo kwa simu, kisha dalali anakuja na karatasi yenye deni lote kana kwamba hakulipa hata shilingi. Hutokeaje?

Baada ya hukumu, malipo yanayofanyika nje ya korti yanatakiwa kuarifiwa korti. Kazi hiyo kwanza ni ya mdai, lakini wewe pia unaweza kuiarifu korti mwenyewe na kuomba malipo yaandikwe. Yasipoandikwa, faili inaendelea kuonyesha deni lote. Kwa hivyo fanya hivi kila unapolipa:

Lipa kwa namba rasmi ya kampuni au ya wakili iliyoandikwa kwenye barua au kwenye makubaliano. Usilipe kwa namba ya kibinafsi ya afisa aliyekupigia simu.

Mahali pa namba ya akaunti, andika namba ya kesi au ya mkopo bila kukosea. Pesa isiyo na namba sahihi inaweza kukaa wiki nzima ikitafuta mwenyewe.

Usifute ujumbe wa kuthibitisha malipo. Kila mwisho wa mwezi, pakua taarifa ya miamala, ile wengi wetu tunaiita stetimenti, uihifadhi au uichapishe.

Mwandikie mdai ujumbe mfupi au barua pepe: "Leo tarehe fulani nimelipa kiasi fulani kwa kesi namba fulani. Naomba risiti na salio." Kisha peleka nakala kwenye faili ya korti.

Taarifa hiyo hiyo ya miamala inafanya kazi mbili. Inathibitisha ulicholipa, na inathibitisha mapato yako unapoomba awamu. Mshonaji anayepokea malipo ya wateja kwa simu ana kitabu cha hesabu tayari, hata kama hajawahi kuandika mstari mmoja kwenye daftari.

Kama kilicho hatarini ni shamba au nyumba

Ardhi iliyowekwa rehani kwa benki inafuata njia yake. Benki haihitaji kesi kwanza ili kuuza, lakini Sheria ya Ardhi ya mwaka 2012 inaitaka ipitie notisi. Ukikaa mwezi mmoja bila kulipa, benki inaweza kukupa notisi inayoeleza kosa na kiasi cha kulipa, na kukupa angalau siku 90. Zikiisha, inatoa notisi ya kuuza ya siku 40. Kisha dalali naye anatakiwa kutoa notisi ya siku 45. Zikifuatana, hizo ni siku 175, karibu miezi sita. Notisi ya kuuza inatakiwa kumfikia pia mume au mke. Na kama nyumba ni ya ndoa, rehani yenyewe inahitaji ridhaa ya mwenzi tangu mwanzo.

Kifungu cha 103 cha sheria hiyo kinamruhusu aliyeweka rehani, na pia mwenzi wake, kwenda kortini kuomba nafuu. Korti itauliza kama kuna kosa la wazi: notisi haikutolewa, mwenzi hakutia sahihi, thamani haikupimwa. Kupinga tu hesabu ya deni mara nyingi hakutoshi kusimamisha mnada, na unaweza kuambiwa uweke kwanza kiasi unachokubali kuwa unadaiwa.

Sheria inaitaka benki itafute bei bora inayopatikana. Ikiuza kwa asilimia 25 au zaidi chini ya bei ya soko, inachukuliwa kuwa imekiuka wajibu huo mpaka ionyeshe vingine. Lakini elewa hili vizuri: mnada ukishapita na mnunuzi akawa mwaminifu, mara nyingi unachobaki nacho ni kudai fidia. Shamba la baba halirudi. Nafasi ya kuliokoa iko ndani ya zile siku 175, na kabla ya kuuzwa una haki ya kulipa deni na kuikomboa ardhi yako.

Je, ninaweza kufungwa jela kwa deni?

Hili linawanyima watu usingizi. Sheria ya Kenya bado ina kifungo cha madai, lakini hakuna anayefungwa kwa sababu tu ni maskini. Kenya ilikubali mwaka 1972 mkataba wa kimataifa wa haki za kiraia na kisiasa, ambao kifungu chake cha 11 kinakataza kumfunga mtu kwa sababu tu hawezi kutimiza mkataba. Kinachoangaliwa ni yule mwenye uwezo anayekataa kulipa, au anayeficha mali.

Kabla ya kufungwa, unapewa notisi ya kufika kortini na kujieleza. Notisi hiyo usiikose hata kama mvua inanyesha mawe. Nenda na stetimenti zako, risiti za kodi, karatasi za hospitali kama zipo, na pendekezo la awamu. Asiyefika ndiye anayetolewa waranti ya kukamatwa. Na ujue kwamba kukaa jela hakufuti deni. Ukitoka unalikuta.

Madeni yakiwa mengi kuliko kichwa

Kuna mtu ambaye hadaiwi na mmoja. Anadaiwa na sita, na kumlipa mmoja ni kumkasirisha mwingine. Kwake, Sheria ya Ufilisi ya mwaka 2015 ina njia ambazo si kufilisika kamili. Kuna mapatano ya hiari na wadai wote, ambapo korti inaweza kutoa amri ya ulinzi ya muda wakati mapendekezo yanaandaliwa. Kuna amri ya kulipa madeni yote kwa awamu za pamoja. Kuna pia utaratibu wa mtu asiye na mali yoyote ya kuuzwa. Njia hizi zina masharti, na anayehusika nazo serikalini ni Mpokeaji Rasmi. Usiziendee kabla ya kupata ushauri wa mtu anayejua sheria.

Ushauri huo hauhitaji utajiri. Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2016 iliunda Huduma ya Kitaifa ya Msaada wa Kisheria kwa wasio na uwezo wa kulipa wakili. Mashirika kama Kituo cha Sheria nayo husaidia. Na karani wa masijala ya korti anaweza kukuonyesha fomu na kukuambia faili yako iko wapi, ingawa hawezi kukutetea.

Jihadhari na dalali wa simu

Penye hofu, matapeli hawakosi. Anapiga mtu akisema yeye ni dalali, lori liko njiani, tuma shilingi 5,000 sasa hivi asimamishe. Dalali wa kweli ana leseni, ana waranti yenye namba ya kesi na muhuri, na anatoa notisi ya maandishi. Chukua namba ya kesi, nenda kwenye masijala ya korti iliyotajwa, uulize kama kesi ipo. Kama umetuma pesa ukashtuka, tupigie mara moja kabla hazijatolewa.

Na kama anayekusumbua ni mkopeshaji wa kidijitali anayepigia simu mama mkwe, mwajiri na marafiki zako, kanuni za Benki Kuu za mwaka 2022 zinamkataza kutishia, kutukana au kutumia orodha ya watu kwenye simu yako ili kukuaibisha. Hifadhi ujumbe huo. Deni lako linabaki palepale, lakini aibu si njia halali ya kulidai.

Cha kufanya leo jioni

Washa simu. Tafuta karatasi, uandike tarehe uliyoipokea na siku ya mwisho. Pakua stetimenti ya miezi sita. Andika mapato na matumizi kwenye ukurasa mmoja, bila kujidanganya. Tenga kiasi cha kuanzia, hata kikiwa kidogo. Mpigie mdai kesho asubuhi na kumwambia unachoweza. Akikataa, nenda kortini na ukurasa huo huo, kabla siku hazijaisha.

Mshonaji wetu alifanya hivyo siku ya tatu. Cherehani yake iko mezani, ana miezi 12 ya kubana matumizi mbele yake, na kila tarehe 5 anatuma shilingi 12,500 na kupeleka nakala kortini. Dawa bado ni chungu, lakini anaimeza kwa kiasi anachoweza.

Kama una swali kuhusu kupakua taarifa ya miamala au kuthibitisha namba ya malipo, tuandikie ndani ya programu. Somo hili ni la kukuelimisha. Kwa kesi yako mwenyewe, muone wakili au ofisi ya msaada wa kisheria iliyo karibu nawe.